Usafiri kati ya Unguja na Pemba

Usafiri kati ya Unguja na Pemba, visiwa viwili vikubwa vya Zanzibar nchini Tanzania, hufanyika kwa meli, boti za mwendo kasi na ndege ndogo. Visiwa hivyo vimetengana kwa takriban kilomita 50 za bahari.

Vyombo vingi huondoka bandari ya Malindi, Unguja, na kufika Mkoani, Pemba. Ndege hutua karibu na Chake Chake baada ya nusu saa hivi. Watalii huvuka kwenda kupiga mbizi na kuona msitu wa Ngezi.

Upepo wa kusi huchafua bahari. Usiku wa kuamkia 10 Septemba 2011, meli ya MV Spice Islander I, iliyopakia abiria kupita kiasi, ilizama karibu na Nungwi ikielekea Pemba. Mamia ya watu walikufa.