Makaburi ya Aksum: msalaba uliochongwa kabla ya wamisionari

Msikilizaji wetu wa Mchukwi, Kibiti na Rufiji, wengi wetu tumekua tukiambiwa Ukristo Afrika Mashariki uliletwa na Wazungu. Kwa pwani yetu kuna ukweli: Mapadri wa Roho Mtakatifu walifungua misheni yao Bagamoyo mwaka 1868. Lakini Ethiopia kuna makaburi ya chini ya ardhi yenye msalaba uliochongwa zaidi ya miaka elfu moja kabla ya hapo.

Mfalme Ezana wa Aksum aliupokea Ukristo katika karne ya 4. Sarafu zake zinaonyesha mabadiliko hayo: alama ya mwezi na duara iliondolewa, ukawekwa msalaba. Wafalme wa kabla yake walikuwa wakisimamisha minara ya jiwe moja juu ya makaburi, imechongwa milango na madirisha ya bandia. Mmoja wa minara hiyo ulibebwa hadi Roma mwaka 1937, ukarudishwa 2005. Baada ya Ukristo kushika, minara mikubwa ya aina hiyo ilikoma.

Nje kidogo ya mji, kilimani, yapo makaburi mawili yaliyo jirani. Kwa mapokeo ni ya Mfalme Kaleb, aliyevusha jeshi hadi Yemen mnamo mwaka 525, na ya mwanawe Gebre Meskel. Unashuka ngazi za mawe hadi kwenye vyumba vilivyojengwa kwa mawe makubwa yaliyochongwa na kubanana bila chokaa. Kwa Gebre Meskel kazi ni safi zaidi. Humo mna majeneza ya jiwe, na mojawapo lina msalaba unaofanana na ule wa kwenye sarafu. Maiti hazimo tena.

Sasa linganisha na Roma. Kule Wakristo walianza kuzika kwenye mahandaki, yaani katakombe, tangu karne ya 2. Filamu hupenda kuyaonyesha kama maficho, lakini yalikuwa makaburi tu, na wakuu wa mji waliyajua. Sheria ilikataza kuzika ndani ya mji, na mwamba wa nje ya mji ni laini kuchimba. Alama zao zilikuwa samaki, nanga, njiwa, mchungaji na kondoo wake. Samaki kwa sababu herufi za jina lake kwa Kigiriki ni vifupisho vya maneno "Yesu Kristo, Mwana wa Mungu, Mwokozi". Msalaba wenyewe ni nadra kuuona kabla ya Mfalme Konstantino: serikali ilikuwa bado inautumia kuulia watu. Aksum mfalme mwenyewe alikuwa muumini, kwa hiyo fundi aliuchonga waziwazi.

Kwetu pwani urembo wa kaburi ulikwenda juu. Ukivuka kutoka delta hadi Mafia, kwenye magofu ya Kua kisiwani Juani, maiti imelala mchangani na kazi ya fundi iko juu ya ardhi, kwa mawe ya matumbawe na chokaa.