Mgeni Asitembee Peke Yake: Kikundi na Matembezi ya Thimlich Ohinga

Katika mikutano ya vikundi huku Migori na Homa Bay kuna swali ambalo hurudi kila mara. Hawa wageni wanaopita na magari kwenda kuona mawe ya Thimlich, sisi wenyeji tunapata nini? Kina mama husema wanapata vumbi. Vijana husema wao huitwa gari likikwama kwenye tope. Swali ni la haki, na tumeona tulijibu kwa kirefu kidogo, kwa sababu jibu lipo, ila si lile wengi hufikiria kwanza. Wengi hufikiria kujenga hoteli, au kuuza vinyago ambavyo hata hapa kwetu havichongwi. Sisi tunasema anzeni na miguu na mdomo, yaani matembezi ya wageni wachache wakiongozwa na mtu wa hapo.

Tukumbushane mahali penyewe, maana hata walio Migori mjini wengine hawajafika. Thimlich Ohinga iko kama kilomita 46 kutoka mjini, upande wa kaskazini-magharibi. Anayetoka Homa Bay hupitia Rodi Kopany na Ndhiwa. Jina ni la Dholuo: thim ni msitu, lich ni cha kutisha, na ohinga ni boma la mawe. Kuna maboma makubwa manne, nayo ni Kochieng, Kakuku, Koketch na Koluoch. Kuta zina urefu wa kati ya mita moja na nusu na mita nne na nusu kwenda juu, na unene wa kama mita moja. Hakuna saruji, hakuna hata udongo wa kushikanisha. Ni jiwe juu ya jiwe. Wataalamu hukadiria kwamba zilijengwa karne ya 16, na watu waliokuja kukaa baadaye wakaendelea kuzitengeneza. Mwaka wa 2018 UNESCO iliiweka Thimlich katika orodha ya Urithi wa Dunia. Na si hiyo tu: kusini mwa Nyanza yamehesabiwa maboma ya namna hii zaidi ya 500, mengi yakiwa yamebomoka shambani mwa watu.

Sasa, mgeni akifika peke yake anaona nini? Anaona mawe. Anapiga picha, anazunguka dakika ishirini, anarudi kwenye gari. Hatumlaumu. Lakini akitembea na mtu anayepajua, anaambiwa asimame kwanza mlangoni aangalie. Mlango ni mfupi na mwembamba, na juu yake yamelazwa mawe marefu. Lazima uiname kuingia. Adui naye alilazimika kuinama, kichwa mbele, na mlinzi yuko ndani amesimama. Hapo mgeni anaanza kuelewa kwamba ukuta huu haukuwa wa mapambo. Ndani ataonyeshwa mashimo madogo yaliyochongwa kwenye mwamba, ambayo ni ubao wa ajua, mchezo wetu wa kokoto. Ataonyeshwa mahali penye bonde dogo la mviringo na kuambiwa hapa palikuwa na nyumba, na pale palikuwa zizi. Nje ya Kochieng ataonyeshwa mahali ambapo watu walifua chuma. Mambo haya hayaandikwi kwenye jiwe. Yasiposemwa na mtu ni kama hayapo.

Kuna sababu nyingine ya kutomwacha mgeni peke yake, nayo ni ukuta wenyewe. Ukuta wa ohinga una sehemu tatu: safu ya nje, safu ya ndani, na katikati mawe madogo madogo yanayozishika hizo mbili. Mtu akipanda juu ili apigwe picha, mawe ya katikati husogea na kushuka. Leo huoni kitu. Mvua ikinyesha, safu ya nje inaanza kufura kama tumbo, na siku moja inaanguka. Tumeona vijana wa safari za shule wakikimbia juu ya ukuta na mwalimu yuko kivulini na simu. Kuharibu mnara wa kitaifa ni kosa kwa Sheria ya Makumbusho na Urithi ya mwaka wa 2006, lakini sheria haina miguu ya kukimbia nyuma ya watoto arobaini. Mtu anaweza kuwafuata watu wanane.

Je, kuna mahali wenyeji wamekaza hivi, kwamba mgeni haingii bila mwenyeji? Wapo, na wako mbali sana na sisi. Ni Wanavajo, wenyeji wa asili wa Marekani, ambao wenyewe hujiita Diné. Nchi yao ni jangwa la miamba myekundu katika majimbo ya Arizona, New Mexico na Utah. Watu hawa walifukuzwa kwao na jeshi mwaka wa 1864, wakatembezwa kwa miguu mamia ya kilomita, na wakarudi mwaka wa 1868 baada ya mkataba. Kwa hiyo wanapozungumza juu ya nani aingie kwao na kwa masharti gani, si mchezo.

Wana bonde moja liitwalo Canyon de Chelly. Serikali ya Marekani ililifanya mnara wa kitaifa mwaka wa 1931, lakini ardhi ikabaki ya Wanavajo, na mpaka leo kuna familia zinazolima mahindi na kufuga kondoo huko chini. Mgeni akitaka kushuka bondeni kutembea, ni lazima awe na mwongozaji wa Kinavajo mwenye kibali. Haruhusiwi kupiga picha ya mtu wala ya nyumba ya mtu bila kuomba. Kwenye kingo za miamba kuna magofu ya watu wa kale waliotangulia, na Wanavajo kwa mila yao hawaingii humo. Mgeni naye anayaangalia kutoka mbali. Haingii ati kwa sababu amelipa.

Mahali pengine pao ni Antelope Canyon, ufa mwembamba katika mwamba, pengine hautoshi watu wawili kupishana. Tarehe 12 Agosti 1997 watalii 11 walikufa humo kwa mafuriko. Pale walipokuwa mvua haikuwa kubwa ya kumtisha mtu. Ilikuwa imenyesha mbali, upande wa juu, na maji yakaja kwa ghafla kupitia ule ufa. Siku hizi hakuna anayeingia bila mwongozaji aliyeidhinishwa, na mawingu ya mbali yakionekana mabaya, safari inasimama.

Ndugu zetu wa Nyatike hawahitaji kufafanuliwa habari hiyo. Mto Kuja hufurika kwenu jua likiwaka, kwa sababu mvua imenyesha Kisii na Nyamira. Mgeni kutoka Nairobi atajuaje? Ataangalia anga, aone ni safi, avuke. Mama anayeteka maji hapo ataangalia rangi ya maji na takataka zinazoelea, na atasema leo hapana. Huo ndio ujuzi tunaouzungumzia. Watu hudharau vitu kama hivi kwa sababu havina cheti, lakini ndivyo mgeni anavyovilipia, hata kama yeye hadhani hivyo.

Basi tuje kwenye kazi yenyewe. Jambo la kwanza ni kwamba Thimlich iko chini ya Makumbusho ya Taifa ya Kenya, na kuna wafanyakazi wao hapo. Kikundi hakiwezi kuamka asubuhi na kuanza kutoza watu langoni. Tumeni wajumbe watatu, mama mmoja, kijana mmoja na mzee mmoja, wakaongee na msimamizi. Waulize ni sehemu gani kikundi kinaweza kuchukua. Mara nyingi kazi ya kikundi itakuwa nje ya kuta: kumtembeza mgeni kijijini, kumpandisha mlimani, kumwonyesha boma lililobomoka shambani mwa mwanachama, kumpa chakula. Ndani ya kuta mtashirikiana na hao waliopo. Msianze kwa ugomvi na mtu ambaye mtaonana naye kila siku.

Kikundi kiwe kimesajiliwa. Siku hizi usajili ni chini ya Sheria ya Usajili wa Vikundi vya Jamii ya mwaka wa 2022, inayotaka wanachama wasiopungua 10, na ofisi ni ile ile ya maendeleo ya jamii mliyoizoea. Kijana anayetaka kuifanya kazi ya kuongoza watalii kama kazi yake ya kudumu anahitaji leseni ya serikali kutoka kwa Mamlaka ya Kudhibiti Utalii. Aulize mapema, asingoje kukamatwa.

Idadi ya wageni isizidi wanane kwa mwongozaji mmoja. Hatukuitoa hewani. Wakizidi hapo, wa mwisho hasikii, na asiyesikia huanza kutembea kivyake. Awepo pia mtu wa pili wa kufunga nyuma, aliyebeba maji na kitambaa safi. Njia ina mawe na jua ni kali, hivyo ondokeni saa moja au saa mbili asubuhi. Waonyesheni wageni mti wa bondo, unaoota kwa wingi kwenye kuta hizo. Utomvu wake mweupe ukiingia machoni ni hatari. Mtoto wa hapa anajua hilo akiwa na miaka mitano, lakini mgeni atavunja tawi ili aone linatoa nini.

Habari ya pesa ndiyo huvunja vikundi, kwa hiyo tuseme wazi. Tuchukue mfano tu. Wageni sita wanalipa shilingi 500 kila mmoja kwa kikundi, mbali na kiingilio cha Makumbusho. Hiyo ni 3,000. Mwongozaji apate 1,000, anayefunga nyuma 500, kina mama waliopika chai na viazi 900, na 600 ziingie kwenye sanduku. Bei ni nyinyi mtapanga. Lakini mgawo uandikwe kabla ya mgeni wa kwanza kufika, na pesa ipokewe na mweka hazina kwa risiti au kwa simu ya kikundi, isipitie kwa dereva. Tunajua madereva wengine hudai fungu lao ndipo walete watu. Mkikubali kumpa, iwe kiasi kinachojulikana na wanachama wote, na kiandikwe kitabuni.

Tukija kwa maneno ya mwongozaji, hapa tuna maoni yetu. Kijana akiulizwa kitu asichokijua, aseme nitauliza wazee. Tumesikia waongozaji wakitunga hadithi za majitu na dhahabu ili mgeni achangamke. Mgeni anachangamka kweli, halafu anafungua simu jioni na kuona ni uongo, na hata yale ya kweli anayatilia shaka. Kaeni na jaduong' mmoja au wawili wa hapo, na dani pia, maana bibi ndiye anayejua nyumba ilipakwa vipi na ghala lilisimama wapi. Andikeni kwenye daftari. Mahali ambapo watu husimulia mambo mawili tofauti, mwambieni mgeni yote mawili. Kuhusu waliojenga kwanza, kwa mfano, watafiti wengi husema ni watu wa lugha za Kibantu waliokuwa hapa kabla ya Wajaluo. Hilo lisifichwe kwa sababu ya fahari. Waliokuja baadaye wakautunza ukuta nao wana sifa yao.

Na kuna mambo ambayo wazee hawataki yasemwe au mahali hawataki pakanyagwe. Hayo yaheshimiwe hata mgeni akitoa noti. Makaburi ya nyumbani kwa mtu hayapigwi picha bila ruhusa ya mwenye boma.

Vikundi vya upande wa Kendu Bay vinaweza kufanya vivyo hivyo Simbi Nyaima, ziwa ambalo kila mtoto wa huko anajua hadithi ya yule mwanamke mzee aliyenyimwa makao, kijiji kikazama. Huwezi kupata hadithi iliyo tayari zaidi ya hiyo, na kulizunguka ziwa ni matembezi mafupi. Ruma ni habari nyingine. Mle kuna nyati na vifaru, kwa hiyo hakuna kutembea kwa miguu bila askari wa KWS, na kikundi kisijaribu.

Kabla ya kumpokea mgeni wa kulipa, fanyeni safari ya majaribio na watoto wa darasa la sita au la saba wa shule ya karibu, wanane kwa wakati, bila malipo. Mwongozaji aseme kila kitu kama atakavyomwambia mgeni. Jaduong' akae kwenye jiwe asikilize, asimkatize, kisha amsahihishe wakiwa wawili. Watoto waulize watakalo. Maswali yao ndiyo magumu: choo chao kilikuwa wapi, maji walichota wapi adui akiwa nje, nani alibeba mawe. Andikeni yale yaliyokosa jibu, muende nayo kwa wazee wiki hiyo hiyo.