Funzo la Kagera Sugar: Ligi Hupimwa kwa Michezo Yote

Mwezi Mei 2019 ulipokwisha, jambo lisilo la kawaida lilionekana katika msimamo wa Ligi Kuu ya Tanzania Bara. Simba ya Dar es Salaam ilikuwa imetwaa ubingwa, nayo ilikuwa imefungwa mara tatu tu katika michezo 38. Katika mara hizo tatu, mbili ilifungwa na timu moja, Kagera Sugar ya mkoa wetu. Lakini timu hiyo hiyo iliyomwangusha bingwa ilikuwa karibu na mkia wa ligi ya timu 20, ikingojea michezo ya mchujo ili ijulikane kama itabaki au itashuka daraja.

Jambo hili lastahili kufikiriwa na kila mwananchi, kuanzia Miembeni hapa mjini Bukoba hadi Goziba na Bumbire visiwani, maana ndani yake mna somo linalopita mpira.

Kwanza tuikumbuke sifa, kwani sifa ni haki yake. Tarehe 19 Mei 2018, Simba iliingia Uwanja wa Taifa ikiwa haijafungwa hata mara moja katika ligi ya msimu ule. Rais John Magufuli alikuwapo kuikabidhi kombe. Vijana wa Kagera Sugar hawakwenda kushangilia sherehe ya wenyeji. Edward Christopher alifunga bao katika dakika za mwisho, na mlinda mlango Juma Kaseja akaupangua mkwaju wa penalti wa Emmanuel Okwi. Simba ilipokea kombe lake ikiwa imefungwa.

Mwaka uliofuata ushujaa huo ulirudiwa. Mwezi Aprili 2019, Simba ilikuja Kaitaba siku chache baada ya kucheza robo fainali ya Klabu Bingwa Afrika na TP Mazembe, ikafungwa mabao 2 kwa 1. Mwezi Mei ikafungwa tena, bao 1 kwa 0, huko huko kwao Dar es Salaam.

Je, ilikuwaje basi timu yenye uwezo huo ikajikuta ukingoni? Jibu ni la hesabu, wala si la uchawi. Kumfunga bingwa huleta pointi tatu. Kumfunga aliye mkiani nako huleta pointi tatu. Ushindi wa aina ya kwanza huimbwa mjini wiki nzima. Wa aina ya pili hupita kimya, na anayeukosa haoni aibu kubwa. Lakini msimamo wa ligi hausikilizi nyimbo. Timu iliyojiandaa kwa siku ya shangwe, ikalegea siku ya jua kali na watazamaji wachache, hulipa deni lake mwezi wa mwisho.

Wavuvi wetu wa dagaa walijua jambo hili kabla ya kuwapo ligi. Mvuvi hajivunii usiku mmoja wa wavu kujaa. Hujumlisha giza lote la mwezi, usiku wa neema na usiku wa wavu mtupu, toa mafuta ya taa na ya injini, ndipo hujua kama amepata au amekosa. Haba na haba hujaza kibaba.

Mwaka ule wa 2019 Kagera Sugar iliokoka. Iliitoa Pamba ya Mwanza katika mchujo ikabaki Ligi Kuu. Lakini onyo lilikuwa limekwisha kutolewa. Msimu wa 2024/25 ulipomalizika, haikuwapo njia ya kuokoka: ilishuka daraja pamoja na KenGold ya Mbeya.

Yupo atakayesema kwamba huo ni mpira tu. Ndugu huyo hajautazama vema uwanja wa Kaitaba. Tetemeko la ardhi lilipotupiga tarehe 10 Septemba 2016, likabomoa nyumba za watu na majengo ya shule za Ihungo na Nyakato, ni pale Kaitaba wananchi walipokusanyika kuwaaga marehemu. Ndege ilipoanguka ziwani Novemba 2022, ni pale pale tulipokutana kulia. Na msimu ule ule wa tetemeko, 2016/17, Kagera Sugar chini ya mwalimu Mecky Maxime ilimaliza ya tatu nchini, nyuma ya Simba na Yanga. Mkoa uliokuwa ukizoa vifusi ulipata sababu ya kuinua kichwa. Kitu chenye kazi hiyo katika maisha ya watu hakiwezi kuitwa mchezo tu.

Basi yatupasa kufanya nini? Sisi wananchi tuache desturi ya kujaza uwanja siku ya Simba na Yanga pekee, tena wengine tukiwa tumevaa jezi za wageni. Timu inayoshuka daraja ndiyo inayohitaji watu wake. Nao viongozi wasingoje kupiga picha na timu siku ya ushindi. Kazi iko katika mashindano ya shule, UMITASHUMTA na UMISSETA, ambako vipaji huonekana kwanza. Iko pia visiwani, ambako kijana mwenye mguu mzuri huhitaji chombo cha kumvusha maji, nauli, na mahali pa kulala, ndipo aonekane Kaitaba. Gharama hiyo ni ndogo kuliko ya kununua mchezaji aliyekwisha kuchoka kwingine.

Kupanda tena kunawezekana. Wengi wameshuka wakapanda. Lakini hakuna timu, wala kijiji, wala ofisi, itakayopanda kwa kukumbuka siku ilipomfunga bingwa. Itapanda kwa kuuheshimu mchezo wa Jumatano mchana, ule usio na wa kuutazama.