Mawe ya Tendaguru na Mifupa Iliyomo

Msafiri atokaye bandari ya Lindi, kusini mwa Tanzania, akielekea kaskazini-magharibi, akiisha kwenda kadiri ya maili 40 hufika penye kilima kiitwacho Tendaguru. Kilima chenyewe si kirefu, na pori limekizunguka pande zote. Apitaye kwa haraka hawezi kujua kwamba anakanyaga makaburi ya wanyama wakubwa kupita wote waliopata kutembea katika Afrika ya Mashariki.

Mawe ya hapo yamepangwa tabaka juu ya tabaka, na unene wake wote wapita futi 350. Matabaka matatu ni ya tope lililogeuka kuwa jiwe, lenye rangi ya kijivu na nyekundu. Humo ndimo ilimo mifupa ya dinosauri. Juu ya kila moja kati ya hayo liko tabaka la mchanga ulioshikamana, lenye makombe ya wadudu wa baharini. Ajuaye kusoma mawe huona maana yake mara moja. Nchi hiyo ilikuwa pwani. Bahari iliporudi nyuma, wanyama walishuka kutafuta majani na maji katika tambarare zenye matope. Ilipopanda tena, iliyafunika matope hayo kwa mchanga wake. Kupanda na kushuka huko hakukuwa kwa siku moja, kama maji yajaavyo na kupwa, bali kulichukua maelfu na maelfu ya miaka.

Sehemu kubwa ya mawe hayo ina umri wa miaka milioni 150 hivi, zama ambazo wataalamu huziita Jurasiki. Lile tabaka la juu kabisa ni la baadaye. Hapo kwanza Afrika, Bukini na Bara Hindi zilikuwa nchi moja. Zilipoanza kuachana, bahari iliingia katikati. Bahari hiyo hiyo iliacha mawe ya chokaa ya Kambe, katika pwani ya Kenya, ambayo ni ya zamani kidogo kuliko yale ya Tendaguru.

Yafaa kuuliza: kwa nini mifupa hiyo haikuoza? Mfupa ulioachwa juu ya nchi huliwa na wanyama, ukapasuliwa na jua, ukawa vumbi. Bali ukifunikwa na tope upesi, maji yapenyayo ardhini huleta chumvichumvi za mawe na kuzijaza katika vitundu vyake vidogo. Baada ya muda mrefu mfupa huwa jiwe, na umbo lake halibadiliki.

Mwaka 1906, Bernhard Wilhelm Sattler, mhandisi wa madini, aliona mfupa mkubwa ukitokeza ardhini karibu na kilima. Mwaka 1907 alifika mtaalamu Eberhard Fraas, na toka mwaka 1909 hata 1913 Wadachi waliendesha kazi kubwa ya kuchimba, ikiongozwa kwanza na Werner Janensch na Edwin Hennig. Nchi ilikuwa imetoka tu katika vita vya Maji Maji na njaa iliyovifuata, na watu walihitaji ujira. Katika miaka ya kazi nyingi walikuwako wafanyakazi mia kadhaa. Msimamizi wao mkuu alikuwa Boheti bin Amrani, aliyesifiwa kwa ustadi wake wa kutoa mfupa katika udongo pasipo kuuvunja.

Hapakuwa na reli. Mizigo ilifungwa kwa mianzi, ikachukuliwa vichwani na mabegani mwendo wa siku nne mpaka Lindi, kisha ikapakiwa melini kwenda Ulaya. Hivyo zilipelekwa zaidi ya tani 200. Mwaka 1937 mnyama mmoja alisimamishwa katika jumba la makumbusho la Berlin. Tangu alipopangwa upya mwaka 2007, kimo chake chapita futi 43. Jina lake la kitaalamu ni Giraffatitan brancai.

Waingereza nao walichimba hapo kuanzia mwaka 1924. Kiongozi wao wa kwanza, William Cutler, alifariki Lindi mwaka 1925. Miongoni mwa waliofuatana naye ni kijana Louis Leakey, mzaliwa wa Kabete, ambaye baadaye alijulikana kwa kazi yake ya Olduvai.

Wageni wengi huitazama mifupa ya Berlin, lakini ni wachache waulizao ni mabega ya nani yaliyoifikisha pwani. Majina mengi ya wachukuzi hao hayajulikani. Hata hivyo, mwaka 2007 dinosauri mmoja wa Tendaguru alipewa jina la Australodocus bohetii, kwa heshima ya Boheti.

Basi mkulima ambaye jembe lake litagonga jiwe lenye umbo la mfupa, au aonaye kitu kama hicho katika korongo baada ya mvua, asilivunje wala asilihamishe. Na aweke alama mahali hapo, kisha apeleke habari kwa wakuu wa wilaya au jumba la makumbusho. Jiwe likiondolewa mahali pake, nusu ya habari zake hupotea.