Mbwa Mkali Anapogeuka Mpole

Msomaji wa Kimironko, hapa Kigali, anauliza kuhusu mbwa wake wa ulinzi. Miaka yote alikuwa mkali hata kwa jamaa wa nyumbani. Sasa anajificha chini ya gari, sauti imekwaruza, mate yanamchuruzika, na mgeni akiingia anamsogelea na kumlamba. Chanjo yake ya mwisho haikumbukwi. Je, ana mfupa kooni, autoe?

La, usimtie mkono mdomoni! Mfungie peke yake, watoto wakae mbali, na mwite daktari wa mifugo leo.

Maradhi yanayobadili tabia ni mengi. Sikio bovu humfanya mbwa ang'ate anayempapasa kichwa. Paka dume anayehangaika kukojoa sebuleni huenda mkojo umemziba. Hayo nayaacha, maana hapa ninachokihofia ni kichaa cha mbwa, ibisazi by'imbwa kwa Wanyarwanda.

Kirusi chake kina maelekezo ya kutengeneza protini 5 tu, lakini ujanja wake unastaajabisha. Kinaingia kwa mate kupitia jeraha, kinashika ncha ya neva, na hapo kinahitaji usafiri wa kufika ubongoni. Ndani ya neva kuna nyuzi nyembamba, na juu yake hupita protini-chukuzi. Wengine husema protini-mota; mimi nashikilia "chukuzi", kwa sababu kubeba mizigo ndiyo kazi yake.

Mfikirie motari wa Nyabugogo, mwendesha pikipiki ya abiria. Anapakia abiria bondeni, anapanda Muhima, anamshusha mjini. Abiria halali ni ujumbe wa kemikali ambao tishu za mwili huutuma kwenye neva ili neva iendelee kuishi. Kirusi nacho kinavaa helmeti na kupanda pikipiki ileile. Mwaka 2014 watafiti wa Tel Aviv walikifuatilia kwa hadubini ndani ya neva hai, wakaona kwamba kinatumia kipokezi cha abiria halali, tena kinasafiri kwa kasi kumshinda mwenyewe. Motari amepata abiria anayemhimiza apite moja kwa moja, na barabara ni yake!

Kikifika ubongoni, hasira na woga hupoteza mizani: mpole hung'ata, mkali hujisogeza kwa watu. Mwaka 2017 Karsten Hueffer na wenzake wa Alaska walichukua kipande cha protini ya kirusi hicho, kinachofanana na sumu ya nyoka, wakakidunga katika ubongo wa panya. Panya walianza kukimbiakimbia kupita kawaida. Wakati huohuo kirusi hushuka kwa neva hadi kwenye tezi za mate. Misuli ya koo inapooza, kubweka kunaharibika, kumeza kunashindikana, na mate yenye virusi yanafurika mdomoni mwa mnyama ambaye sasa haogopi mtu. Uthibitisho kamili hupatikana kwa kupima ubongo baada ya kifo.

Dalili zikishaanza, karibu hakuna anayepona. Lakini tangu kung'atwa hadi dalili hupita wiki, pengine miezi, na chanjo inaweza kukiwahi kirusi. Aliyeng'atwa aoshe jeraha kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15, kisha aende kituo cha afya bila kungoja kesho. Mtoto aharakishwe zaidi: uso wake uko usawa wa mdomo wa mbwa, na kutoka shavuni hadi ubongoni si mbali.