Noti ya Jero na Ukuta Wenye Matundu

Kwa miaka mingi watu wa Ntobeye, huko Ngara, walitembea na ukumbi wa chuo kikuu mfukoni bila kuujua. Mgongoni mwa noti ya shilingi 500, ile ya nyati iliyotoka mwaka 2003 na iliyoifuata yenye sura ya Mzee Karume, palichorwa Ukumbi wa Nkrumah wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Jero hiyo ilinunua chumvi gulioni, ikafungwa kwenye pindo la khanga, ikalowa jasho, na mwanzoni mwa mwaka 2025 Benki Kuu ikaiondoa kwenye mzunguko. Mjomba wangu, fundi mwashi tangu ujana wake, anayo moja ameihifadhi ndani ya Biblia. Alipokuja Dar kwa mahafali ya mwanawe, aliitoa akanionyesha upande wa nyuma.

"Mjomba, nipeleke hapa."

Mimi ni msanifu majengo. Nimesomea Ardhi, chuo kilicho jirani kabisa na Mlimani, kilipo Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, na nimewatembeza wageni pale kilimani mara nyingi kiasi cha kujua kosa la watembezaji wengi: humsimamisha mgeni mbele ya jengo, wakamwambia nani alilifungua na mwaka gani, kisha wakamhamishia la pili. Mgeni anatoka na orodha. Jengo la pwani ya joto husomwa kwanza kwa ngozi, na macho yanafuata. Kwa hiyo nilimwambia mjomba avae viatu vyepesi, tukaanza saa mbili asubuhi, kabla jua halijapanda.

Historia nilimpa njiani, kwenye daladala. Chuo chenye ukumbi huo hakikuzaliwa mlimani. Kilianza Oktoba 25, 1961, wiki chache kabla ya Uhuru, ndani ya jengo la TANU Mtaa wa Lumumba, kikiwa chini ya Chuo Kikuu cha London na kitivo kimoja tu, cha sheria. Mwaka 1964 kikahamia huku, kama kilomita 13 kutoka katikati ya jiji, kikiwa sehemu ya Chuo Kikuu cha Afrika Mashariki pamoja na Makerere na Nairobi. Julai 1970 kikasimama chenyewe. Michoro ya majengo ya mwanzo ilitoka kwa Norman & Dawbarn, kampuni ya London iliyokuwa imekwishachora kampasi ya Mona kule Jamaika, kwa hiyo joto la baharini halikuwa geni kwao.

Wazungu hao hawakuamka tu siku moja wakajua kujenga kwenye joto. Mapema miaka ya 1950 Mnigeria mmoja, Adedokun Adeyemi, aliyekuwa akisomea usanifu Uingereza, alilalamika kwamba anafundishwa majengo ya nchi ya baridi ilhali kwao ni joto mwaka mzima. Lalamiko lake likazaa mkutano mkubwa London mwaka 1953, na mwaka uliofuata idara ya usanifu wa nchi za tropiki ikaanza katika shule ya Architectural Association. Majengo ya Mlimani yanatokana na mazungumzo hayo. Mara nyingi huwa tunasimulia habari hii kama zawadi iliyotoka kwa wageni, tukamsahau mwanafunzi aliyeuliza swali.

Tuliposhuka, sikumwonyesha mjomba jengo lolote. Nilimwomba atafute jua liko wapi, kisha aangalie majengo marefu yamelala kuelekea wapi. Dar es Salaam iko karibu nyuzi saba kusini mwa ikweta. Saa sita mchana mwezi Juni jua huinama upande wa kaskazini kiasi cha nyuzi 30 kutoka utosini. Mwezi Desemba huhamia kusini, lakini kwa nyuzi 17 tu. Pande zote mbili, basi, jua la mchana liko juu sana, na bapa dogo la zege lililotokeza juu ya dirisha linatosha kulizuia. Shida ni mashariki na magharibi. Jua la saa mbili asubuhi na la saa kumi na moja jioni huja limelala, likapita chini ya kipenu chochote na kuingia hadi kitandani. Ndiyo maana jengo lililofikiriwa vizuri hulala kama mtu aliyejinyoosha kutoka mashariki kwenda magharibi: uso mrefu kaskazini na kusini, na kwenye ncha fupi unaweka ngazi, stoo au ukuta mtupu. Jengo likigeuzwa kuelekea barabara ili lionekane zuri, basi bili ya umeme italieleza kosa hilo kila mwezi.

Mjomba alisikiliza kwa heshima. Kilichomshtua ni kitu kingine. Tulifika kwenye ukuta wa matofali yenye matundu, akaingiza kidole, akachungulia upande wa pili.

"Hapa saruji iliwaishia?"

Simlaumu. Ngara ni nchi ya vilima, vingine vinagusa mita 1,800, na usiku wa kiangazi ni wa blanketi mbili. Nyumba ya msonge aliyozaliwa bibi yangu ilikuwa nyasi kutoka kileleni mpaka chini, mlango mmoja wa kuinamia, dirisha hakuna. Moto katikati, moshi ukitafuta njia yake wenyewe kwenye nyasi. Hiyo ni hesabu iliyo sahihi kabisa kwa mahali pale: shika joto, fungia upepo nje. Mtu aliyelelewa na hesabu hiyo, kisha akafanya kazi ya uashi miaka arobaini akiziba kila ufa, lazima aone ukuta wenye matundu kama uzembe wa fundi.

Pwani hesabu inageuka. Joto la Dar si kali sana ukilipima. Kinachochosha ni unyevu, kwa sababu jasho haliondoki mwilini. Dawa yake ni hewa inayotembea juu ya ngozi. Upepo upo: kaskazi kuanzia kama Desemba hadi Machi, kisha kusi miezi inayofuata, na kilima huupokea kabla mitaa ya bondeni haijausikia. Kazi ya msanifu ni kuuruhusu upite. Hewa haiingii chumbani kama haina pa kutokea, kama mgeni anayesitasita mlangoni kwa kuona nyumba imejaa. Kwa hiyo chumba kinapewa madirisha upande mmoja, na upande wa pili korido iliyo wazi, yenye ukuta wa matundu. Jengo linakuwa jembamba, unene wa chumba kimoja na korido yake. Ukiweka korido katikati na vyumba pande zote mbili, umeokoa fedha ya paa, ila umeuzuia upepo, na kuanzia hapo utanunua viyoyozi.

Nilimsimamisha mjomba ndani ya korido ya namna hiyo, saa nne kamili, jasho la kupanda kilima likiwa bado shingoni. Hakusema kitu kwa dakika nzima. Kisha akavua koti la mahafali, alilokuwa amelivaa siku mbili kabla ya mahafali yenyewe.

Ukumbi wa Nkrumah tuliufikia baadaye. Watembezaji wengine huanzia hapo. Mimi huuchelewesha, maana ukishauona, mengine yote yanakuwa kama nyumba za uani. Ni paa la zege lenye ncha zinazoinuka, na swali la kwanza la mwashi ni moja: zege zito hivi linabebwaje juu ya ukumbi ambao hautaki nguzo katikati ya watu? Nilimwomba noti yake. Alisita, kwa kuwa Zaburi zilikuwa zimeinyoosha vizuri. Ukiishika noti kwa ncha moja, inalegea kama jani la mgomba lililopigwa jua. Nikaikunja mikunjo ya juu na chini kama kipepeo cha mkono, nikailaza kati ya simu mbili, nikaweka juu yake sarafu ya shilingi 200. Ikabeba. Karatasi haijaongezeka unene, umbo ndilo lililobadilika. Zege nalo ni hivyo hivyo: jamvi lililo bapa linahitaji unene na nondo nyingi, lakini likikunjwa au kupindwa linapata kimo, na kimo ndicho kinachobeba. Katikati ya karne iliyopita wahandisi wa dunia nzima walilewa na mchezo huo. Ulidai mbao nyingi za kufungia zege na mafundi wengi wenye subira, na kadiri gharama ya mikono ilivyopanda, mapaa ya namna hii yakaadimika.

Mjomba alikunjua jero yake, akailinganisha na jengo, akaona mchoraji amepunguza miti.

Kuna jambo ambalo kilima hakilisemi, na mtembezaji mwaminifu hapaswi kulinyamazia. Kilomita 13 zile zilikuwa uamuzi. Upepo, eneo la ekari 1,600 na zaidi, utulivu wa kusoma, vyote vilipatikana, na pamoja navyo umbali kati ya msomi na mji. Oktoba 1966 wanafunzi waliandamana hadi Ikulu kupinga masharti ya Jeshi la Kujenga Taifa, na Mwalimu Nyerere akawarudisha makwao karibu 400. Sidai kwamba usanifu ndio uliosababisha. Lakini ukisimama pale juu, ukaangalia jiji lilivyo mbali, unaelewa ni rahisi kiasi gani kujisahau. Leo mji umekifuata chuo wenyewe, na duka kubwa la Mlimani City, lililoazima jina la kilima, liko kwenye ardhi ya chuo.

Waliosoma Makerere huniuliza kwa nini Mlimani haina jengo moja la kupigia picha kama lile lao. Jengo Kuu la Makerere la mwaka 1941, lililoungua Septemba 2020 na kujengwa upya, lina uso: linakutazama unapopanda. Mlimani ya mwaka 1964 haina uso. Imetawanyika kwenye miteremko, na kwa maoni yangu huo ndio ubora wake, ingawa kwa mgeni mwenye haraka unaonekana kama kukosa mpango. Maktaba mpya iliyojengwa kwa msaada wa China na kufunguliwa Novemba 2018 ni ya mpango mwingine, wa ukubwa. Nilimpitisha mjomba hapo haraka, akavutiwa nayo kuliko nilivyopenda.

Ukitaka kutembea mwenyewe, omba ruhusa, nenda asubuhi au baada ya saa kumi, na usikose kukaa kwenye vimbweta, zile meza na viti vya zege chini ya miti ambako wanafunzi hujadiliana. Hapo ndipo chuo kinapofanyika kweli, na hakuna aliyevipigia ramani ya heshima. Chakula ukifiche, tumbili wa pale hawana aibu.

Mjomba alirudi Ntobeye na vipimo vya lile tofali vimeandikwa nyuma ya kadi ya mahafali. Mwezi wa saba simu ikalia, akawa ni mkaza mjomba.

"Mwanangu, huyu umemfundisha nini huko? Amenijengea ukuta wa matundu chumbani, usiku tunalala na masweta."

Nikamuuliza yeye amefanyaje. Amesokota majani ya migomba, ameziba tundu moja moja, yote. Ya jikoni ameyaacha wazi. Moshi, anasema, sasa unajua njia.