Mbwa wa Manyoya ya Kusokotana na Jino Lililovunjika

Katika kota moja ya askari hapa Kampala, mbwa mdogo mweupe alinusurika kupigwa risasi kwa sababu ya jino. Habari hii niliishuhudia mwenyewe, kwani siku hizo nilikuwa mgeni wa ndugu yangu aliyekaa katika yuniporti ya pili kutoka kwa mwenye mbwa. Yuniporti ni vile vibanda vya bati ambavyo kila polisi wa Uganda avijua kwa joto lake la mchana na baridi yake ya alfajiri. Mbwa mwenyewe aliitwa Pamba, na kwa kumtazama hukuhitaji kuuliza sababu ya jina hilo.

Pamba alikuwa chotara wa Poodle. Konstebo alimpata kwa familia ya wageni aliyokuwa akiilinda huko Kololo. Muda wao ulipokwisha wakarejea kwao, wakamwachia mbwa, mfuko wa chakula, brashi moja na cheti cha chanjo. Chakula kilikwisha kwa majuma mawili, na Pamba akajifunza kula posho na mukene kama mbwa wengine wa mji huu. Brashi nayo ikapata kazi nyingine ya kung'arishia buti. Kilichohifadhiwa vizuri ni cheti peke yake, na hicho ndicho kilichomwokoa.

Mwezi wa tano, mtoto wa jirani, binti wa miaka sita, alimshika Pamba shavuni kama alivyozoea. Mbwa akageuka ghafula akamng'ata mkono. Kelele zikapigwa kwamba mbwa ana kichaa, na mkubwa mmoja akaagiza bunduki iletwe. Mke wa konstebo akasimama mlangoni na cheti mkononi.

"Afande, huyu amechanjwa, tarehe hii hapa. Mfunge, usimuue. Kwanza mtoto aoshwe."

Akamchukua mtoto hadi bombani, akaosha jeraha kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa muda wa robo saa nzima, kisha akafuatana na mama yake hadi kituo cha afya siku ile ile. Mbwa akafungwa peke yake.

Yafaa nikae kidogo juu ya jambo hili, kwa kuwa askari ndiye aitwaye kwanza mbwa anapong'ata mtu mtaani. Mama yule alitenda sawasawa. Kichaa cha mbwa kikishaonyesha dalili kwa mwanadamu, kwa kawaida hakuna tiba iokoayo, lakini kuosha jeraha kwa dakika 15 na kuanza chanjo mapema humwokoa mtu. Mtu aliyeng'atwa hangoji kuona mbwa atakuwaje. Huenda kwa mganga mara moja, na mganga ndiye aamuaye. Mbwa aonekanaye mzima hufungwa na kuangaliwa kwa siku 10. Akibaki mzima siku hizo zote, basi hakuwa na virusi katika mate yake wakati alipong'ata. Na ikiwa hapana budi mbwa auawe, asipigwe risasi ya kichwa, maana ubongo ndio unaopimwa maabara, na risasi huuharibu ushahidi huo.

Pamba hakuwa na kichaa. Daktari wa mifugo alipomfunika macho kwa kitambaa na kumfungua mdomo, alikuta gego kubwa la taya la juu limepasuka ubavuni, kipande kimetoka, na usaha umejikusanya kwenye mizizi hata uvimbe ukatokea chini ya jicho. Uvimbe huo hakuna aliyeuona kwa sababu ya manyoya. Nyuma ya sikio la upande huo huo palikuwa na fundo la manyoya lililokazana kama mkeka, likivuta ngozi kila mbwa alipogeuza shingo, na chini yake kupe zaidi ya kumi. Mkono wa mtoto ulikuwa umegusa mahali hapo penye maumivu mawili kwa pamoja.

Mbwa wa namna hii wameongezeka Kampala, nao hupita kutoka mkono hadi mkono, mara nyingi hadi kwa mlinzi wa lango. Watu wengi humdhani Poodle kuwa pambo la mabibi matajiri. Asili yake ni mbwa wa kazi. Jina lake latoka katika lugha ya Kijerumani, nalo lahusu kurusharusha maji, kwa kuwa alitumiwa kuwaleta bata waliopigwa risasi ziwani. Hata ule unyoaji wake wa ajabu, wa kuacha mashada kifuani na kwenye viungo, husimuliwa kuwa ulianzia kwa wawindaji waliotaka mbwa aogelee wepesi bila kupata baridi viungoni. Jeshi la Marekani lilipoanza kuandikisha mbwa mwaka 1942, Poodle mkubwa alikuwamo miongoni mwa aina zilizokubaliwa mwanzoni.

Uchotara wake wa siku hizi nao ulianzia kazini. Mwishoni mwa miaka ya 1980 huko Australia, Wally Conron, aliyekuwa katika shirika la mbwa waongozao vipofu, aliombwa mbwa kwa ajili ya mwanamke kipofu wa Hawaii ambaye mumewe alidhurika na manyoya ya mbwa. Akamchanganya Poodle na Labrador. Baada ya hapo wafanyabiashara wakachanganya Poodle na karibu kila aina, na Conron mwenyewe akaja kusema hadharani kwamba anajutia alichokianzisha.

Sababu ya mbwa huyu kutafutwa ndiyo hiyo hiyo inayomtesa. Manyoya yake hukua bila kukoma kama nywele za mtu, na yale yanayokatika hayaanguki chini bali hunaswa ndani ya mawimbi. Mwenye nyumba hufurahi kwamba hakuna manyoya sakafuni, wala hafahamu kwamba yote yamebaki mwilini yakijisokota. Kwa chotara mambo huwa magumu zaidi, kwa kuwa yaweza kuwa manyoya laini ya chini ya upande mmoja yamechanganyika na mawimbi ya upande wa pili.

Kumchana juu juu hakufai. Mbwa aweza kuonekana safi kama aliyetoka paredi, kumbe karibu na ngozi yametanda mafundo. Mtenge manyoya kwa mkono mpaka uone ngozi, uchane kutoka hapo kwenda nje, sehemu ndogo ndogo, kwanza kwa brashi, kisha kwa kitana cha chuma. Kitana kikipita bila kukwama ndipo usogee mbele. Mahali pa kukagua sana ni nyuma ya masikio, kwapani, kinenani, katikati ya vidole, na chini ya ukanda wa shingo. Mara tatu kwa juma ni kiasi kizuri, na katika kota yenye vumbi, kila siku ni bora. Tena, chana kabla ya kuogesha. Fundo likiloa hukaza zaidi, na wengi huharibu kazi hapo kwa nia njema kabisa. Wakati wa mvua za Machi hadi Mei, udongo wetu mwekundu ukimwingia, mkaushe kwa taulo mpaka ngozini, na masikio pia, maana sikio linaloning'inia lenye unyevu ndani ni makao ya vidonda na harufu mbaya.

Kila majuma 6 hadi 8 apunguzwe manyoya. Kwa hali yetu, mtindo ulio mfupi mwili mzima, wa upana wa kidole hivi, ndio unaofaa. Mashada ya maonyesho tuwaachie wenye nafasi. Lakini asinyolewe upara, hasa akiwa mweupe, kwa kuwa ngozi yake huunguzwa na jua. Fundo lililoshikamana na ngozi lisikatwe kwa mkasi, kwani ngozi huvutwa ndani ya fundo nawe waikata pamoja nalo. Mashine ya kunyolea ndiyo salama.

Juu ya kupe nina neno moja kali. Nimeona watu wakichukua dawa ya kuogeshea ng'ombe, wakaimimina kwenye ndoo kwa kukisia na kumtosa mbwa humo. Kipimo cha ng'ombe chaweza kumlegeza mbwa, kumtapisha, hata kumuua. Kupe kwa hakika ni adui. Huwaletea mbwa wetu magonjwa ya damu yaletayo homa, ufizi mweupe na mkojo wa rangi ya chai. Dawa yake basi iwe ile ya mbwa, kwa uzito wa mbwa, kutoka kwa daktari. Na dawa yoyote haifiki vizuri ngozini kupitia fundo la manyoya.

Sasa nije kwenye meno, ambako hasara ni kubwa kuliko watu wanavyodhani. Mtoto wa mbwa huota meno 28 ya utoto, nayo huanguka kuanzia mwezi wa tatu au wa nne. Mbwa mzima ana meno 42, kumi zaidi ya mwanadamu. Chotara mdogo ana taya fupi, na meno hayo yote hubanana humo kama abiria katika matatu ya jioni. Mara nyingi chonge la utoto hukataa kuanguka, likasimama bega kwa bega na chonge jipya, na chakula kikanaswa katikati. Akitimiza miezi saba nalo lingalipo, apelekwe ling'olewe.

Ukoga ni utando laini unaojijenga juu ya jino kila siku. Katika siku chache tu chumvi za mate huugeuza kuwa mgumu kama saruji, na hapo mswaki hauwezi tena. Chini ya saruji hiyo vijidudu hula ufizi, kisha mfupa unaoshika jino. Posho laini huganda katika meno, wala haiyasafishi. Watu hujibu kwamba watampa mfupa. Hapo ndipo Pamba alipoumia! Alikuwa akipewa mifupa mikavu ya ng'ombe, na jino lake kubwa la juu, lile la kukatia nyama, likapasuka. Jaribu hivi: ukibonyeza kitu kwa ukucha wa kidole gumba kisibonyee hata kidogo, ni kigumu mno kwa meno ya mbwa. Mfupa uliopikwa huongeza hatari nyingine, ya kuchanika vipande vyenye ncha vinavyotoboa utumbo. Na mawe ambayo watoto humrushia mbwa akayadake ni mabaya kuliko yote.

Kumpigisha mswaki hakuhitaji fedha. Mswaki laini wa mtoto, au kipande cha kitambaa kilichozungushwa kidoleni, pamoja na maji safi, chatosha, kwa kuwa msuguo ndio ufanyao kazi. Dawa ya meno ya watu isitumike. Mbwa hajui kutema, naye humeza yote, na baadhi ya dawa hizo zina sukari iitwayo zailitoli, ambayo hushusha sukari ya damu ya mbwa kwa haraka na kuharibu ini. Juma la kwanza mzoeshe kuinuliwa mdomo tu. La pili, sugua meno ya mbele kidogo. Baadaye ufikie magego ya juu, upande wa nje, kwani ndiko ukoga unakozidi. Huna haja ya kumfunua taya. Nusu dakika kila upande, kila jioni, yatosha kabisa.

Dalili za kukagua ni hizi: harufu mbaya ya mdomo, ambayo wengi huiita harufu ya kawaida ya mbwa nayo si ya kawaida, ufizi mwekundu, kutafuna upande mmoja, chakula kuanguka mdomoni, uvimbe chini ya jicho. Usingoje mbwa aache kula. Mbwa huficha maumivu, na wengi huendelea kula na jino lililooza hadi siku ya mwisho. Wala usimpe vidonge vyako vya maumivu; diklofenaki na ibuprofeni humtoboa tumbo na kumharibu figo. Na anayekuja kukukwangulia meno ya mbwa kwa kisu au bisibisi hapo uani, mfukuze. Ugonjwa uko chini ya ufizi, na hakuna mnyama atakayetulia huku akichokolewa hapo, ndiyo maana daktari humlaza kwa nusukaputi. Shule ya utabibu wa mifugo ya Chuo Kikuu cha Makerere ina kliniki ya wanyama wadogo, na ipo mingine mjini.

Wenzetu wa kikosi cha mbwa wa Polisi, ambao kituo chao cha kuzalishia kiko Nagalama, wilayani Mukono, hawana Poodle, lakini kanuni ni ile ile. Mbwa mwenye chonge bovu hushika kisha huachia, na kiongozi wake aweza kumlaumu kwa uoga kumbe ni uchungu. Anayefuata nyayo za mwizi kijijini huku kupe wamemnyonya hadi ufizi kuwa mweupe, huchoka kabla ya kufika.

Pamba aling'olewa jino lile, akanyolewa mwili wote, akatoka kwa daktari akiwa mwembamba hata watoto hawakumtambua. Siku 10 zilipokwisha akafunguliwa. Mtoto aliyeng'atwa alipona, ila alikaa zaidi ya mwezi kabla ya kumkaribia tena. Konstebo alirudisha ile brashi kwa kazi yake ya kwanza, baada ya kuiloweka usiku kucha kuondoa rangi ya viatu, na hata hivyo kwa muda masikio ya mbwa yule mweupe yalibaki na weusi kidogo.